Piano, Ngazi 133, na Tunayowasingizia Laurel na Hardy

Kila ninapoisimulia The Music Box, hakosi mtu wa kunikatiza: "Aa, ile ya Charlie Chaplin!" Najua inakotoka. Mchekeshaji kwa Kiswahili tunamwita chale, na wengi hulinasibisha neno hilo na jina la Charlie mwenyewe. Basi kila Mzungu wa zamani mwenye kofia ya duara tumemkabidhi Chaplin. Lakini filamu hii fupi ya mwaka 1932, ya kama nusu saa hivi, ni ya Stan Laurel, yule mwembamba, na Oliver Hardy, yule mnene. Aliyeitayarisha ni Hal Roach, aliyeiongoza ni James Parrott. Chaplin anaingia kwa mlango mwingine kabisa: Laurel, Mwingereza wa Ulverston, alikwenda Marekani mwaka 1910 na kikundi cha vichekesho cha Fred Karno, na humo ndiye aliyekuwa akiba wa Chaplin jukwaani.

Wengine husema ni filamu bubu. Si bubu. Mzigo wenyewe ni piano inayojipiga, imefungwa ndani ya sanduku la mbao, na kila sanduku linapogonga ngazi nyuzi zinalia mle ndani. Ukizima sauti, umeitupa nusu ya utamu.

Dhana inayonikera kuliko zote ni kwamba filamu za namna hii ni watu kuanguka tu, na kwamba yeyote anayeweza kuanguka anaweza kuzitengeneza. Tazama kinachotokea. Hawa wawili ni wachukuzi wenye farasi na mkokoteni. Mama mmoja amemnunulia mumewe piano, zawadi ya kumshtukiza siku yake ya kuzaliwa, na nyumba iko juu ya ngazi ndefu. Wanapanda. Anashuka yaya na kigari cha mtoto, wanamwachia njia, sanduku linateleza hadi barabarani. Wanaanza upya. Anaingilia polisi. Halafu anashuka profesa mwenye hasira na kofia ndefu, hataki kuzunguka, anataka wao ndio wampishe. Kofia yake inaishia kupondwa na lori huko chini. Hakuna anguko lisilo na chanzo, na kila mara piano inaporudi chini unaumia zaidi kwa sababu umeanza kuzihesabu ngazi pamoja nao.

Wanafika juu hatimaye. Hapo mtu wa posta anawaambia kwamba ipo barabara inayozunguka mlima, mkokoteni ungefika hadi mlangoni. Basi wanalibeba sanduku, wanashuka nalo ngazi zote, wanalipakia na kuja kwa barabara. Watazamaji wengi huita huo ujinga mtupu. Mimi sikubali. Ukimtazama Hardy usoni pale anapopata habari ile, hana hasira wala aibu. Amefurahi kuonyeshwa njia sahihi. Hawa ni mahamali waaminifu wasiojua uvivu, wanaotii maelekezo bila kuangalia kazi imeshafika wapi. Aliyewahi kufanya kazi na mtu wa aina hiyo anajua kwa nini kicheko chake kinachanganyika na huruma.

Kuhusu ngazi zenyewe, wapo wanaoamini zilijengwa studio. Ni ngazi halisi, 133, katika mtaa wa Silver Lake jijini Los Angeles, kati ya Vendome Street na Descanso Drive, na hadi leo watu huenda kuzipanda. Kilichojengwa studio ni ile nyumba ya profesa, ambaye kumbe ndiye yule mume aliyenunuliwa piano.

Wala wazo halikuzuka siku ile mbele ya kamera. Mwaka 1927 walishapanda ngazi hizohizo katika Hats Off, filamu bubu kweli, wakiwa wamebeba mashine ya kufulia. Nakala yake haijulikani ilipo, imepotea. Miaka mitano baadaye mzigo ukabadilishwa kuwa kitu kinacholia, na mabadiliko hayo peke yake yanaonyesha watu waliofikiri. Filamu ikapata tuzo ya Oscar ya filamu fupi ya vichekesho, mara ya kwanza tuzo hiyo kutolewa. Mwaka 1997 ikaingizwa katika orodha ya filamu zinazohifadhiwa na Maktaba ya Bunge la Marekani.

Limebaki la nani alikuwa kichwa. Kwenye kioo Hardy ndiye anayeamuru na Laurel ndiye anayekuna nywele, hivyo watu huchukulia kwamba hata nje ya filamu mambo yalikuwa hivyo. Yalikuwa kinyume. Laurel ndiye aliyebuni vituko, akakaa na wahariri filamu ikikatwa, na mshahara wake ulikuwa mkubwa zaidi. Hardy, mtu wa jimbo la Georgia huko Marekani, alimaliza zamu yake akaenda kucheza gofu, na hakuona haya kumwachia mwenzake usukani. Wala hawakuwa maadui, kama inavyosemwa. Urafiki wao ulikolea ukubwani, katika ziara za majukwaani Uingereza kuanzia mwaka 1947. Hardy alipofariki mwaka 1957, Laurel alikuwa mgonjwa, hakuweza hata kwenda mazishini. Aliishi hadi 1965, na katika miaka yote hiyo minane hakukubali kuigiza tena.