Barua iliyotangulia kikao: haki ya mtumishi wa chama cha ushirika anaposhtakiwa kinidhamu

Nimekuwa nikivishauri vyama vya ushirika kuhusu masuala ya ajira kwa muda mrefu, na jalada ambalo halijanitoka akilini ni la mtunza ghala mmoja aliyeachishwa kazi kwa upotevu wa mali. Barua ya kumtaka ajieleze ilikuwamo, majibu yake ya kurasa 3 yalikuwamo, na muhtasari wa kikao ulikuwa umesainiwa na wajumbe wote. Kwa mtazamo wa haraka, kila hatua ilikuwa imefuatwa. Lakini barua ya kumwachisha kazi ilikuwa na tarehe ya siku 2 kabla ya kikao kilichodaiwa kumsikiliza.

Kosa la namna hii hutokea kwa urahisi zaidi katika ushirika kuliko katika kampuni, na sababu yake imo katika muundo wenyewe wa chama. Wajumbe wa bodi ni wanachama, na kilichopotea ghalani ni jasho lao na la waliowachagua. Mara nyingi hao hao ndio waliogundua upungufu, wakaagiza uchunguzi, kisha wakaketi kuamua. Hiyo ni kesi ya nyani, hakimu ngedere, hata pale ambapo kila mjumbe ana nia njema kabisa.

Shinikizo la mkutano mkuu huongeza uzito. Udhibiti wa kidemokrasia wa wanachama ni miongoni mwa misingi 7 iliyomo katika tamko la Muungano wa Kimataifa wa Vyama vya Ushirika la mwaka 1995, na ni msingi ninaouheshimu sana. Hata hivyo, msingi huo unahusu uendeshaji wa chama, wala haugeuzi makofi ya wanachama waliokasirishwa na taarifa ya ukaguzi kuwa hukumu. Mkutano mkuu ukiazimia kwamba mhasibu fulani “afukuzwe”, bodi itakayomwita baadaye itakuwa inamsikiliza huku mikono yake imefungwa. Azimio lililo sahihi ni la kuagiza uchunguzi ufanyike na taarifa iletwe.

Haki ya kusikilizwa si jambo geni. Mkataba nambari 158 wa Shirika la Kazi Duniani, wa mwaka 1982, unaeleza katika ibara ya 7 kwamba mfanyakazi asiachishwe kazi kwa sababu ya mwenendo au utendaji wake kabla ya kupewa nafasi ya kujitetea dhidi ya tuhuma, isipokuwa pale ambapo haitarajiwi kwa busara mwajiri kutoa nafasi hiyo. Mwaka 1963, mahakama ya juu kabisa ya Uingereza iliamua kuwa kufukuzwa kwa mkuu wa polisi wa Brighton kulikuwa batili, kwa kuwa kamati iliyomfukuza haikumweleza tuhuma wala kumpa nafasi ya kujibu. Wakili wake aliruhusiwa kuzungumza mbele ya kamati siku chache baadaye, lakini hilo halikuponya kasoro, kwani tuhuma mahususi hazikuwa zimetajwa hata wakati huo.

Neno “mahususi” ndilo ninalolisisitiza kuliko mengine yote. Barua inayosema “umekiuka taratibu za fedha” haijibiki. Barua inayotaja siku ambayo keshia alipokea fedha za hisa, nambari za stakabadhi, kiasi, na siku ambayo fedha hizo zilifika benki, inajibika. Na aliyeandikiwa anaweza kuleta hati ya benki inayoonyesha kwamba kaunta ilikuwa imefungwa siku hiyo. Vivyo hivyo, taarifa ya uchunguzi na viambatisho vyake apewe kabla ya kikao, tena mapema kiasi cha kutosha kuisoma na kutafuta shahidi. Bodi nyingi huificha kwa hofu ya kuvuruga ushahidi. Hofu hiyo ninaielewa, lakini dawa yake ni kumsimamisha mtumishi kwa muda na kuyahifadhi madaftari, kwa maana hakuna anayeweza kujitetea dhidi ya karatasi asiyoiona.

Ugumu mkubwa zaidi hujitokeza kwenye rufaa. Bodi nzima ikishaketi katika kikao cha kwanza, hakuna anayebaki ndani ya chama wa kuisikiliza rufaa kwa macho mapya. Ndiyo maana napendekeza kanuni za utumishi zitenganishe watu mapema, kabla ya mgogoro wowote: meneja au kamati ndogo ichunguze, wajumbe 3 wasiohusika na uchunguzi wasikilize, na waliobaki wa bodi wasubiri rufaa bila kuonyeshwa jalada. Katika chama kidogo ambako watu hawatoshi, bodi iombe mtu huru kutoka nje ya chama aisikilize rufaa, na jina la nafasi au taasisi atakayotoka liandikwe katika kanuni hizo wakati hakuna mtumishi yeyote anayetuhumiwa.