Bei ya heliamu inatoka wapi? Tuangalie Marekani kabla hatujapiga hesabu za Rukwa

Tangu 2016 ilipotangazwa kwamba bonde la Rukwa lina gesi ya heliamu, makadirio ya mwanzo yakiwa futi za ujazo bilioni 54, mimi kama mjiolojia swali naloulizwa kuliko yote ni bei. Mtungi shilingi ngapi? Wengine wanakuja wameshapiga hesabu kabisa, wamechukua bei waliyoiona mtandaoni wakazidisha na hizo bilioni 54, wakapata hela ya kutisha, halafu wanauliza mbona Watanzania bado maskini. Naomba tuelewane mapema jamani, hiyo hesabu haisimami. Dhahabu ina bei ya soko la dunia, unaamka asubuhi unaiona kwenye simu. Heliamu haina kitu kama hicho, inauzwa kwa mikataba ya miaka kadhaa kati ya kampuni na kampuni, na bei iliyoandikwa mle ndani wanaijua wao wenyewe.

Nchi ambayo angalau tunaweza kuifuatilia bei yake ni Marekani, kwa sababu kule serikali yenyewe ilikuwa muuzaji, na serikali ikiuza inatangaza.

Kule mambo yalianza 1903, mji mdogo wa Dexter, jimbo la Kansas. Walichimba kisima ikatoka gesi kwa nguvu, watu wakajaa kusherehekea, wakaipelekea moto, ikagoma kuwaka. Sampuli ikapelekwa chuo kikuu cha Kansas na 1905 wakakuta ndani yake kuna heliamu karibu asilimia 2. Heliamu haiungui na ni nyepesi, kwa hiyo jeshi likaitaka kwa ajili ya meli za angani, yale maputo makubwa ya kubeba watu, na 1925 serikali ikaanzisha akiba ya taifa karibu na Amarillo, Texas. Kuiuza nje ikabanwa kisheria. Ndo maana ile meli ya angani ya Wajerumani, Hindenburg, ilijazwa haidrojeni, gesi inayowaka, na 1937 ikawaka moto New Jersey wakafa watu 36.

Sasa hapa kwenye bei naomba twende taratibu. 1960 ilipitishwa sheria serikali inunue heliamu kwa makampuni ya gesi asilia na kuirudisha chini ya ardhi, kwenye mwamba wa Cliffside, huko huko karibu na Amarillo, kwa bomba refu linalotokea Kansas. Walinunua kwa mkopo kutoka hazina, riba ikawa inazaliana mwaka hadi mwaka, kufika katikati ya miaka ya 90 deni limefika kama dola bilioni 1.4. Bunge likachoka, 1996 likapitisha sheria ya kuuza karibu akiba yote ili deni lilipwe. Na bei? Yaani ukichukua lile deni ukaligawa kwa gesi iliyopo, futi bilioni 30 na ushee, unapata kama dola 43 kwa kila futi 1,000, na hiyo ndo ikawa bei ya kuanzia, inapandishwa kidogo kidogo kufuata mfumuko wa bei. Haikuuliza heliamu imebaki kiasi gani duniani wala nani anaihitaji. Iliuliza deni tu!

Mwanzoni bei hiyo ilionekana ghali, lakini mashine za MRI, zile za kupiga picha ndani ya mwili zinazopozwa kwa heliamu, zikaongezeka mahospitalini, viwanda vya chipu za kompyuta vinavyoitumia navyo vikaja juu, mahitaji yakapanda na bei ya serikali bado inatambaa, ikawa nchi inauza kwa bei ya kutupa kitu ambacho kikishatoka kwenye mtungi kinapaa hadi nje ya anga na hakirudi tena. Heliamu inazaliwa na yurani na thoriamu zikioza ndani ya miamba kwa mamilioni ya miaka, hakuna kiwanda cha kuitengeneza. Mwanafizikia Robert Richardson, aliyepata Nobel 1996, alipiga kelele sana, akasema puto moja la sherehe ilibidi liuzwe kama dola 100. Mimi naona alikuwa na haki ya kukasirika.

2013 sheria ikabadilishwa, sehemu ya gesi ikaanza kupigwa mnada. Angalia namba: mwaka huo wa 2013 bei ya serikali ilikuwa dola 84 kwa futi 1,000. Mnada wa 2018 wastani ukafika karibu dola 280, wakati mwaka mmoja kabla ilikuwa 119. Lakini hata hiyo 280 usiibebe ukaiita bei ya soko, maana ilikuwa gesi ghafi, na aliyeweza kuitumia ni mwenye mtambo wa kusafisha uliounganishwa na lile bomba, wako wachache, na siku ile kampuni moja ilichukua mafungu yote. Ilikuwa pia mwaka mmoja tu tangu majirani wa Qatar wafunge mpaka, Juni 2017, mitambo miwili ya heliamu kule ikasimama kwa muda na wanunuzi wakashtuka. Qatar na Marekani ndo wazalishaji wakubwa, mmoja akikohoa wote wanaumwa. 2022 tena, mtambo mpya wa Amur huko Urusi ukapata ajali mwanzoni mwa mwaka, mtambo wa Cliffside nao ukasimama miezi kadhaa, maabara zikaanza kugawiwa kwa mgao. Mwaka 2024 serikali ya Marekani ikamaliza kuuza mitambo na akiba iliyobaki kwa kampuni ya Messer, kwa hiyo hata lile dirisha la kuchungulia bei limefungwa.

Turudi Rukwa. Gesi ya kwetu imechanganyika zaidi na naitrojeni, sio methani, na hili ni jambo zuri kwa mazingira, ila maana yake pia hakuna gesi ya kupikia ya kuuza pembeni kulipia gharama, heliamu itajilipia yenyewe. Kuigeuza kimiminika inatakiwa ishuke hadi nyuzi 269 chini ya sifuri, inapakiwa kwenye tangi maalum la kama galoni 11,000, na kuanzia hapo siku zinahesabika, ikikaa wiki nyingi bandarini inapata joto na kuanza kupotea. Kwa hiyo ukisikia mtu anataja bei, muulize kwanza: ni ghafi au imesafishwa, ni ya pale kisimani au ya mlangoni kwa mteja, na mkataba ni wa miaka mingapi. Sheria yetu ya madini inaipa serikali hisa zisizopungua asilimia 16 kwenye kampuni ya uchimbaji, lakini mrabaha unategemea thamani ya gesi inapouzwa, na hesabu hiyo inaanzia kwenye ile bei iliyoandikwa kwenye mkataba wa mauzo. Huo mkataba ndo wa kuuomba tuuone.