Kamera haihitaji kujificha: dhana potofu kuhusu filamu za makala za maisha ya mtu

Dhana inayosikika zaidi ni kwamba kamera ikijificha ndipo mtu atajionyesha alivyo. Wafaransa Jean Rouch na Edgar Morin, katika filamu yao Chronique d'un été, walikwenda kinyume kabisa. Mjini Paris, kiangazi cha 1960, waliketi na wahusika wao mbele ya kamera, wakawauliza wazi wanaishije. Baadaye waliwaonyesha picha walizopiga, wakarekodi maoni yao: kuna walioona wenzao wameigiza, na kuna walioona wamejianika mno. Mabishano hayo nayo yakaingia kwenye filamu. Kwangu huo ni uaminifu kuliko kamera ya kuvizia, maana mtazamaji anajua nani alikuwepo na aliuliza nini.

Na ile kwamba makala haipangwi kamwe? Katika Nanook of the North (1922), makala kuhusu mwindaji wa Kiinuit huko Kanada, Robert Flaherty alitumia nyumba ya theluji iliyoachwa wazi upande mmoja ili mwanga uingie. Hata jina Nanook lilikuwa la filamu. Mwindaji mwenyewe aliitwa Allakariallak.

Wengine hudhani kibali kikishatiwa sahihi, suala la ridhaa limekwisha. Frederick Wiseman aliruhusiwa na wakuu kupiga makala yake Titicut Follies (1967) katika hospitali ya wafungwa wenye maradhi ya akili ya Bridgewater, Massachusetts, Marekani. Wagonjwa wanaonekana uchi, walinzi wakiwadhihaki. Mahakama ilizuia umma usiione, kwa hoja ya faragha yao, na zuio halikuondolewa hadi 1991. Unyama ule ulistahili kufichuliwa. Hata hivyo, mgonjwa asiyeelewa anachoombwa hajakubali, hata mkuu wa taasisi akikubali. Ridhaa huombwa tena na tena: kabla ya kuwasha kamera, baada ya ugomvi ulionaswa, kabla filamu haijatoka.

Lakini dhana inayoharibu kazi nyingi, hasa za vijana wanaoanza, ni kwamba undani wa mtu hupatikana kwa mahojiano marefu na machozi. Tazameni Softie ya Sam Soko, iliyooneshwa kwa mara ya kwanza Januari 2020 kwenye Sundance, tamasha la filamu la Marekani. Ilianza kama wazo la video fupi ya kuwafunza wanaharakati. Soko akaendelea kumfuata mwanaharakati wa Kenya Boniface Mwangi kwa miaka, kutoka maandamano ya Nairobi hadi kampeni yake ya ubunge wa Starehe mwaka 2017, na uzito wa hadithi ukahamia nyumbani, kwa mkewe Njeri. Vitisho vilipozidi, Njeri na watoto ndio walioondoka kwenda Marekani. Swali lake, familia iko wapi mtu anapoipenda nchi kiasi hicho, ndilo linaloibeba filamu. Huwezi kulipata kwa kufika na taa na maikrofoni asubuhi na kuondoka jioni. Hutoka watoto wakila, watu wazima wamechoka, na mpiga picha ameshazoeleka hata hakuna anayemtengea kiti cha mgeni. Sundance waliipa tuzo maalumu ya majaji kwa uhariri, na naona walipatia: picha za barabarani ni kali, lakini hazikuachiwa zimfunike Njeri.