Lota maana yake nini kwenye siasa za Pakistan?

Ukifuatilia siasa za Pakistan hata wiki moja tu utakutana na hili neno lota, wabunge wanazomeana nalo. Lota lenyewe ni birika la kutawadhia, lile linalokaa chooni. La zamani lilikuwa halina kitako bapa, chini duara kabisa, ukiliweka sakafuni linabingirika kokote sakafu ilikoinamia. Ndo maana mwanasiasa anayehama chama kwenda kule kwenye ulaji anaitwa lota. Sisi tungesema kigeugeu, ila lota linauma zaidi maana limetoka chooni.

Na sio maneno tu. Aprili 2022 bunge la jimbo la Punjab wabunge wa PTI, chama cha waziri mkuu wa zamani Imran Khan, waliingia na malota yenyewe wakamrushia naibu spika, sababu wenzao kadhaa walikuwa wamehamia upande wa pili. Mwezi uliofuata wahamaji 25 walivuliwa ubunge, na uchaguzi mdogo wa Julai kwenye viti 20 PTI ikachukua 15.

Sasa mfano ambao mimi naona unafundisha kuliko yote ni wa Shah Mahmood Qureshi wa Multan, mji wa jimbo hilohilo la Punjab. Huyu alikuwa waziri wa fedha wa Punjab kuanzia 1990 akiwa upande wa Nawaz Sharif, waziri mkuu wa wakati huo, 1993 akahamia PPP, chama cha mpinzani wake Benazir Bhutto akapewa unaibu waziri, 2008 akawa waziri wa mambo ya nje, 2011 akakosana na chama kwenye sakata la Raymond Davis, yule Mmarekani aliyeua watu wawili Lahore, Qureshi akisema jamaa hana kinga kamili ya kidiplomasia, wizara ikaondoka, na mwisho wa mwaka huohuo akajiunga na PTI. 2018 akarudi tena kwenye kiti kilekile cha mambo ya nje! Vyama vitatu, kwa hiyo wapinzani wake jina la lota walikuwa nalo mdomoni.

Lakini jiulize kwanini vyama vyote vinampokea. Huyu ndo msimamizi wa ziara, yaani kaburi linalozuriwa na waumini, ya Bahauddin Zakariya pale Multan, walii wa karne ya 13, cheo cha kurithi, na baba yake alikuwa gavana wa Punjab. Wafuasi wa ziara wanamfuata yeye, sio bendera. Watu wa aina hii wapo wengi, wenye mashamba, wenye koo kubwa, chama kinawahitaji wao kuliko wao wanavyokihitaji chama. Kumwita mtu lota bila kuangalia hilo ni kulaumu birika ukaisahau sakafu. Hata katiba imejaribu, kifungu cha 63A kinamvua ubunge anayekiuka amri ya chama kwenye kura kubwa kama ya kutokuwa na imani, na bado watu wanahama.

Halafu ikaja 2023. Baada ya fujo za tarehe 9 Mei, zilizozuka Imran alipokamatwa, vigogo wa PTI walikuwa wanajitoa mmoja baada ya mwingine mbele ya waandishi, na wengi tulidhani Qureshi atakuwa wa kwanza kubingirika. Naye alikuwa amekamatwa, lakini alitoka jela Juni akasema bado yupo na chama. Agosti akakamatwa tena, Januari 2024 akahukumiwa miaka 10 pamoja na Imran kwenye kesi ya siri za serikali, hukumu ambayo mahakama kuu ya Islamabad iliifuta Juni mwaka huohuo.