Mwiko wa mchezaji: maana yake, na kwa nini umejaa kwenye hoki ya barafuni

Ukikaa nyuma ya goli pale Nangwanda Sijaona, Mtwara, kabla mechi haijaanza, mtazame kipa. Atagusa mlingoti wa kushoto, ataruka aguse mwamba wa juu, atagusa mlingoti wa kulia, kisha atachora mstari kwa kisigino katikati ya goli. Asipofanya hivyo hatulii. Ukimuuliza, atakwambia ndivyo alivyozoea. Jukwaani watu watanong'ona kwamba kamati ya ufundi, yaani wale wanaosimamia uganga wa timu, imeshafanya kazi yake. Hayo ni mambo mawili tofauti, na kwetu huchanganywa kila wiki.

Mwiko wa mchezaji ni tendo, kitu au katazo analolishika kila anapocheza, akiamini kwamba linaleta bahati au linazuia balaa, ingawa halina njia yoyote ya kuugusa mpira. Kupasha misuli si mwiko, kwa sababu msuli usiopashwa huumia kirahisi. Kuvaa soksi ya kushoto kwanza ni mwiko. Kulala mapema si mwiko, ila kukataa jezi isifuliwe kwa kuwa timu ilishinda juzi ni mwiko. Namna ya kupima ni hii: ondoa tendo lenyewe, halafu uangalie kama kuna kilichobadilika mwilini au uwanjani. Ikiwa kilichobadilika ni moyo wa mchezaji tu, hapo una mwiko.

Huku Kusini tukisikia habari hizi tunawaza hirizi na mganga, na wapo wanaoamini kwamba ni ugonjwa wetu sisi Waafrika. Ndiyo maana nachukua mfano wa mbali, hoki ya barafuni, inayopendwa mno Kanada na Marekani. Wachezaji sita kila upande huteleza juu ya barafu kwa viatu vyenye chuma chembamba chini, wakigombea kwa magongo kisahani cha raba ngumu cha takriban gramu 170. Kisahani hicho kikipigwa sawasawa kinaweza kupita kilomita 160 kwa saa. Kwa miko, sijaona mchezo unaoufikia.

Wayne Gretzky, ambaye wengi humtaja kuwa bora kuliko wote waliowahi kuucheza, alichomeka jezi yake upande wa kulia tu, mechi baada ya mechi, mpaka alipostaafu mwaka 1999. Vifaa vyake alivivaa kwa mpangilio uleule siku zote. Patrick Roy, kipa aliyetwaa mara nne Kombe la Stanley, ambalo ndilo la ubingwa wa ligi kuu ya hoki ya Kanada na Marekani (NHL), alikuwa akizungumza na milingoti ya goli lake, na alipokuwa akiteleza aliinua miguu asikanyage mistari iliyochorwa kwenye barafu. Bruce Gardiner wa Ottawa aliwahi kuchovya gongo lake chooni ili limrudishie mabao. Sidney Crosby wa Pittsburgh hampigii mama yake simu siku ya mechi, kwa kuwa huko nyuma simu za namna hiyo zilifuatwa na majeraha. Mama hajakosa kitu, lakini zile siku zimeshafungwa pamoja kichwani mwa mwanawe.

Yapo pia makatazo ya timu nzima. Kipa ambaye hajafungwa hatajiwi jambo hilo mpaka kipenga cha mwisho. Hatua ya mtoano ikianza wachezaji hawanyoi ndevu hadi watolewe au watwae kombe, desturi inayohusishwa na New York Islanders, waliobeba Kombe la Stanley miaka minne mfululizo, 1980 hadi 1983. Mwaka 2002, kwenye Olimpiki ya Salt Lake City, fundi wa barafu kutoka Kanada, Trent Evans, alificha sarafu ya dola moja ya kwao chini ya barafu katikati ya uwanja. Timu za Kanada za wanawake na wanaume zote zikachukua dhahabu, na ile ya wanaume ilikuwa ya kwanza baada ya miaka 50. Sarafu hiyo iliwekwa kwenye makumbusho ya mchezo huo jijini Toronto.

Mfano unaotugusa watu wa pwani ni wa pweza. Mwaka 1952 timu iliyotaka Kombe la Stanley ilihitaji kushinda mechi 8 za mtoano, nne katika kila raundi kati ya raundi mbili. Katika jiji la Detroit walikuwapo ndugu wawili wauza samaki, Pete na Jerry Cusimano. Wakaona kwamba pweza ana mikono minane, na mechi ni nane. Tarehe 15 Aprili wakaingia na pweza uwanjani, wakamrusha kwenye barafu. Timu yao, Red Wings, ilishinda mechi zote nane bila kupoteza hata moja. Tangu hapo pweza wanarushwa Detroit, wakiwa wamechemshwa kwanza, ijapokuwa siku hizi bingwa anahitaji ushindi mara 16 na hesabu ya mikono imeshapotea. Kwa mtu wa Mikindani au Kilwa inauma kusikia hivyo, maana pweza huyo amechokolewa mwambani maji yakiwa yametoka, na kwake ni kitoweo na ni daftari za watoto.

Kwa nini watu wenye makocha, madaktari na wachambuzi wa takwimu wanafanya haya? Jibu lililonitosheleza linatoka kwa wavuvi. Bronisław Malinowski, mtafiti wa mila aliyeishi visiwa vya Trobriand, ambavyo leo ni sehemu ya Papua Nyugini, wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, aliona kwamba waliovua ndani ya ghuba iliyotulia hawakuwa na uganga wa kuvulia. Waliokwenda kuvua bahari kuu, ambako kuna hatari na samaki hana uhakika, walikuwa nao mwingi. Mwaka 1971 George Gmelch, aliyekuwa amecheza besiboli, mchezo ambao mmoja hurusha mpira, mwingine huupiga kwa gongo na wengine huudaka, aliandika jambo hilohilo kuhusu mchezo wake: wadakaji, ambao karibu kila mpira wanaudaka, hawana miko mingi, lakini warushaji, ambao bahati ina sehemu kubwa katika kazi yao, na wapigaji, ambao wanakosa zaidi ya wanavyopata, wamejaa nayo. Mwiko humea pale bahati inapokuwa na sehemu kubwa ya matokeo. Hauoti kwenye ujinga, kama wengi wanavyodhani.

Sasa iangalie hoki. Mabao ni machache, kisahani hugonga kiatu cha mtu kikageuka njia, na kipa mzuri huzuia takriban mipigo tisa kati ya kumi lakini ule mmoja ndio unaoamua mechi. Mtu aliye kwenye hali hiyo hutafuta pa kushika.

Namna mwiko unavyozaliwa ilionekana kwa ndege. Mwaka 1948 B. F. Skinner, mwanasaikolojia wa Marekani, aliwapa chakula njiwa 8 wenye njaa kwa muda uliopangwa, wafanye lolote wasifanye. Sita kati yao walianza vituko: mmoja akizunguka, mwingine akisukuma kichwa kwenye kona, kana kwamba ndicho kilicholeta punje. Chakula kilikuja wakati njiwa anafanya kitu fulani, akakirudia. Mchezaji aliyefunga mabao matatu siku aliyovaa fulana fulani hatofautiani nao.

Je, inasaidia? Mwaka 2010 watafiti nchini Ujerumani walieleza kwamba watu walioambiwa mpira wao wa gofu una bahati waliingiza shimoni mipira mingi zaidi. Mwaka 2014 jaribio hilo lilirudiwa Marekani kwa watu wengi zaidi na tofauti haikuonekana. Kwa hiyo sitamwambia kocha yeyote wa Lindi kwamba soksi ya bahati inafunga mabao. Ninachokubali ni kwamba mpangilio uliozoeleka, ulio mikononi mwa mchezaji mwenyewe, humtuliza na kumrudisha kwenye kazi yake. Kipa anayegusa milingoti anajipanga, na anazipima pembe za goli lake papo hapo. Mwacheni.

Ushirikina wa kamati ya ufundi ni kitu kingine, na mpaka wake unaonekana wazi. Pesa za posho zinapelekwa kwa mganga wakati mchezaji aliyeumia goti hajafanyiwa kipimo. Mtu anachanjwa kwa wembe aliouchangia na wenzake, na hapo kuna hatari ya maambukizi. Timu inakataa lango la kawaida, na Bodi ya Ligi imeshatoza faini klabu nyingi kwa kuingia kwa milango isiyo rasmi. Beki anashutumiwa na wenzake kuwa amewaroga. Mwiko wa Gretzky ulikuwa juu yake peke yake na haukumgharimu mtu shilingi. Hilo ndilo la kuangalia kwa vijana wetu: nani analipa, nani anaumia, nani analaumiwa.

Na mwiko ukivunjwa? Katika hoki, bingwa wa kanda hupewa kombe lake kabla ya fainali, na wengi hukataa kuligusa wakisema kombe la kweli ni moja tu. Mwaka 2008 Crosby na Pittsburgh Penguins hawakuligusa lile la kanda yao, liitwalo Prince of Wales, wakafungwa na Detroit kwenye fainali. Mwaka 2009 walilibeba, wakakutana na Detroit ileile, wakashinda katika mechi ya saba. Mwaka 2016 na 2017 wakalibeba tena, na mara zote mbili Kombe la Stanley likaenda Pittsburgh. Baadhi ya klabu za ligi hiyo bado hazigusi.