Wakala aliyegeuka mtayarishaji: yanayosemwa barazani na yalivyo

Tamasha la filamu la ZIFF likikaribia, vijana wa maigizo wa Unguja huingiwa na homa ya kutafuta wakala, mtu wa kuwatafutia kazi. Anayesifiwa kuliko wote ni yule ambaye sasa anatayarisha mwenyewe vipindi vya televisheni. Hapo ndipo yanapozaliwa maneno mengi yasiyo na miguu.

Wapo wanaosema uwakala ni mambo ya Wazungu. Siti binti Saad, mwimbaji wetu wa taarab, alifika Bombay mwaka 1928 kurikodi santuri za kampuni ya HMV. Hakupanda meli tu akaenda kubisha hodi. Kulikuwa na watu wa kati walioijua kampuni na waliojua nani anaimba nini katika mitaa ya Ng'ambo. Kazi ni ileile: mjue mwenye kipaji, mjue mwenye fedha, wakutanishe, chukua chako. Walichoongeza Wamarekani ni sheria. Katika jimbo la California anayemtafutia msanii kazi lazima awe na leseni, na kawaida yake ni asilimia 10 ya malipo. Meneja ni mtu mwengine: hana leseni, anashauri, na tangu zamani hakuzuiwa kutayarisha vipindi. Kwetu hao wawili ni mtu mmoja, na mara nyingi ndiye pia mwenye gari la kubebea vyombo.

Wengine wanadai mawakala hupanda kwa kujuana. Kujuana kupo, nani atabisha? Lakini Barry Diller na David Geffen, waliokuja kuwa vigogo wa filamu na muziki Marekani, wote walianzia chumba cha barua cha kampuni kubwa ya uwakala, William Morris, wakigawa bahasha. Diller alitumia muda ule kusoma mafaili ya ofisi, na alipohamia televisheni ya ABC alikuwa tayari anajua mikataba inavyofungwa. Ujuzi wa wakala ni huo: bei halisi ya mtu, nani hachelewi, nani akikataa Jumatatu atakubali Ijumaa.

Kosa jengine ni kudhani mtayarishaji ndiye mwenye kamera. Tumelirithi, nadhani. Zanzibar ilikuwa na televisheni ya rangi mapema katika miaka ya 1970, na Bara walingoja hadi 1994. Kwa miaka mingi aliyetengeneza kipindi hapa alikuwa mwajiriwa wa Serikali, anapokea mshahara, na suala la kipindi ni mali ya nani halikumhusu. Mtayarishaji wa kujitegemea hana mshahara huo. Anatafuta fedha, ananunua hadithi, anapeleka maombi Baraza la Sanaa, Sensa, Filamu na Utamaduni, anazungumza na sheha kabla mwenye nyumba hajageuza nia. Ukirikodi mazungumzo juu ya kibaraza cha Mji Mkongwe, alasiri inapoingia maikrofoni itanasa adhana za misikiti kadhaa kwa pamoja, kila mmoja na sekunde zake. Mtayarishaji mzuri ameshaliweka hilo kwenye ratiba. Waigizaji wanakwenda kuswali, fundi anabadilisha betri. Asiyejua anawalipa watu wakae wakitazamana.

Sasa dhana ninayoiogopa zaidi: "Wakala wako akiwa ndiye mtayarishaji, umeshapona." Yaani hutahangaika tena na usaili, kazi zote za kwake utaitwa wewe. Inapendeza kusikia. Lakini kazi ya wakala ni kukuvutia malipo yapande, na kazi ya mtayarishaji ni kuyashusha yaingie kwenye bajeti. Mtu mmoja akikaa pande zote mbili, kesi ya nyani imepelekwa kwa ngedere.

Hollywood walilijua hili zamani. Chama cha waigizaji wa filamu kilikuwa na kanuni ya kuwazuia mawakala kutayarisha. Mwaka 1952, chama kikiongozwa na Ronald Reagan, yule aliyekuja kuwa Rais, kiliipa MCA, kampuni ya uwakala ya Lew Wasserman, ruhusa ya pekee kufanya yote mawili. Reagan mwenyewe alikuwa msanii wa MCA. Mwaka 1954 akawa mtangazaji wa kipindi cha kila wiki kilichodhaminiwa na General Electric na kutengenezwa na Revue, kampuni ya MCA hiyohiyo. Kila mtu asome anavyotaka. MCA ilinenepa mpaka mwaka 1962 Serikali ya Marekani ikailazimisha ichague, nayo ikauacha uwakala ikabaki na utayarishaji. Chaguo hilo peke yake linaonesha fedha zilikuwa upande gani.

Ugomvi haukufa. Aprili 2019 waandishi wa filamu na televisheni wa Marekani zaidi ya 7,000 waliwafukuza mawakala wao. Mawakala walikuwa wakikusanya mwandishi, muigizaji na muongozaji wao, wanawauza kwa mpigo mmoja na kulipwa na studio yenyewe. Baadhi walishaanza na kampuni zao za utayarishaji. Maafikiano yaliyopatikana yalikomesha malipo hayo katikati ya mwaka 2022, na wakala akazuiwa kumiliki zaidi ya asilimia 20 ya kampuni kama hiyo.

Basi wote ni matapeli? Hapana, na hili nalo nalisikia sana kwa waliokwisha kuumwa. Bernie Brillstein alikuwa meneja wa Jim Henson, mtu wa vikaragosi, na akawa mtayarishaji mtendaji wa vipindi vingi. Mtu anayemjua msanii wake miaka na miaka anaweza kumsimamia kazi kuliko mgeni yeyote. La kuangalia ni karatasi. Hapa Unguja nimeoneshwa mkataba wa ukurasa mmoja: kipindi chote mali ya meneja "daima", haki za mtandaoni hazikutajwa, na jina la mwandishi wa hadithi halimo kabisa. Mwandishi huyo angeweza kwenda Ofisi ya Hakimiliki Zanzibar kabla ya kuupeleka mswada popote.

Kifungu kilichonichekesha katika mkataba huo ni cha mwisho. Hata chini ya utaratibu ule uliowakasirisha waandishi wa Marekani, msanii aliyeuzwa kwa mpigo hakukatwa asilimia 10. Hapa kwetu muigizaji anakatwa fungu la umeneja kutoka kwenye malipo aliyolipwa na meneja huyohuyo.