Hesabu ya Kura Inapopingwa: Funzo la Fomu za Vituoni kutoka Georgia

Usiku wa tarehe 2 Novemba 2003, katika vituo vya kupigia kura vya Georgia, nchi iliyo kati ya milima ya Kaukazi na Bahari Nyeusi (si lile jimbo la Marekani lenye jina hilohilo), kura za wabunge zilimwagwa mezani, zikahesabiwa mbele ya mawakala wa vyama, na mwisho wa kazi hiyo kila kituo kikajaza fomu yake ya matokeo. Siku kumi na nane baadaye, tarehe 20 Novemba, Tume Kuu ya Uchaguzi ilipotangaza matokeo ya mwisho ya nchi nzima, mshindi alikuwa chama tofauti na kile kilichoonekana kuongoza kwenye fomu ambazo waangalizi walikuwa wamezikusanya. Tumeuchagua uchaguzi huo kwa ajili ya makala hii kwa sababu ndani yake madai ya wizi wa kura yalipimwa kwa tarakimu, na kwa sababu kipimo hichohicho kilitumika tena katika nchi hiyo mwaka 2020 na 2024 kikatoa majibu tofauti kabisa.

Fomu ya matokeo ya kituo ndiyo mzizi wa jambo hili. Mkenya anaifahamu kwa ubunge kama Fomu 35A, Mtanzania kama Fomu namba 21B, na kila nchi ina jina lake, lakini maudhui yake hayapishani sana: karatasi ngapi zililetwa kituoni, wapiga kura wangapi walihudhuria, karatasi ngapi zilibaki, kura ngapi ni halali, ngapi zimekataliwa, na kila chama au mgombea amepata ngapi. Tarakimu hizo zinabanana. Tuchukue mfano wa kituo kilichopokea karatasi 700. Waliotia saini daftarini ni 412, karatasi zilizobaki bila kutumika ni 286, na mbili ziliharibika mikononi mwa wapiga kura wakapewa nyingine. Jumla yake ni 700, hesabu imekaa sawa. Ndani ya sanduku lazima zikutwe karatasi 412, kwa mfano halali 401 na zilizokataliwa 11, na zile 401 zigawanyike kwa wagombea bila kubaki wala kupungua hata moja.

Sasa mtu mmoja aamue kumwongezea mgombea wake kura 90 kwa kalamu tu. Akiibadilisha safu ya mgombea peke yake, jumla ya kura halali inapita idadi ya waliohudhuria, na jambo hilo linaonekana kwa jicho la mtoto wa darasa la nne. Ili alifiche inampasa aongeze saini 90 daftarini, apunguze karatasi 90 kwenye zile zilizobaki, kisha aingize karatasi 90 sandukuni, na yote hayo ayafanye mawakala wakiwa wamesinzia au wamekwisha ondoka. Ndiyo maana wadanganyifu wenye uzoefu hawapendi kuhangaika na kituo kimoja kimoja. Huisubiri karatasi njiani, au kule inakokwenda kujumlishwa, ambako kuna mkono mmoja unaoandika na macho machache yanayotazama. Na ndiyo maana wakala anayeondoka kituoni bila nakala ya fomu iliyosainiwa amefanya kazi ya siku nzima akarudi mikono mitupu, hata kama alikaa kwenye kiti chake tangu asubuhi.

Kutokana na nakala hizo ilizaliwa mbinu iitwayo hesabu sambamba ya kura. Mnunuzi wa nafaka sokoni hahitaji kumwaga gunia zima ili ajue kama mchele una pumba. Huchoma gunia kwa bambo, akatoa punje kidogo, akazitazama kiganjani. Hesabu sambamba ni bambo la uchaguzi. Vituo huchaguliwa kwa bahati nasibu kabla ya siku ya kupiga kura, bila mtu yeyote kuchagua anachokipenda. Mwangalizi aliyefunzwa hukaa katika kila kituo kilichochaguliwa, husubiri mpaka kura zihesabiwe, kisha hutuma tarakimu za fomu makao makuu. Hamuulizi mpiga kura amempa nani kura yake, na hapo ndipo mbinu hii inapotofautiana na maoni yanayokusanywa mlangoni watu wakitoka kupiga kura. Yale ya mlangoni ni maneno ya watu, na watu wana hofu zao na haya zao. Fomu ni hesabu iliyokwisha fanywa.

Nchini Georgia kazi hiyo ilifanywa na ISFED, shirika la kiraia la nchi hiyo lililoanzishwa mwaka 1995. Rais wakati huo alikuwa Eduard Shevardnadze, aliyewahi kuwa waziri wa mambo ya nje wa Umoja wa Kisovieti, na kambi iliyomuunga mkono iliitwa Kwa Georgia Mpya. Upande wa pili alikuwapo Mikheil Saakashvili na chama chake cha National Movement, Spika Nino Burjanadze na kundi lake la Democrats, pamoja na chama cha Labour. Kulikuwa pia na chama cha Revival cha Aslan Abashidze, aliyekuwa akiitawala Adjara, eneo la pwani lenye mji wa Batumi, kana kwamba ni himaya yake. Viti 150 vya bunge vilikuwa vikigawanywa kwa uwiano wa kura za nchi nzima, na chama kilihitaji angalau asilimia 7 ili kupata mgawo.

Kwa hesabu sambamba ya ISFED, National Movement kiliongoza kwa takribani asilimia 26.6, kambi ya rais ikawa ya pili kwa 18.9, Labour 17.4, Democrats 10.2, na Revival cha tano kwa 8.1. Tume ilitangaza kambi ya rais ya kwanza kwa asilimia 21.3, Revival ya pili kwa 18.8, na National Movement ya tatu kwa 18.1. Matokeo ya Adjara yalichelewa, na yalipofika yalikuwa yamempa Abashidze karibu kura zote za eneo lake, kutoka kwa mahudhurio ambayo ni vigumu kuyakuta hata mahali ambapo kupiga kura ni lazima kisheria.

Hapa pana jambo ambalo wasomaji wengi hulipita haraka. Si lazima uibe kura ya mpinzani ili umshushe. Chama kikiwa na kura 26 kati ya 100 kina asilimia 26. Ukiongeza kura bandia 40 kwa mwingine, kile cha kwanza bado kina kura zake 26, lakini sasa ni kati ya 140, nacho kimeshuka hadi chini kidogo ya asilimia 19. Kwa hiyo mtawala wa mkoa mmoja aliyejaza masanduku kwake aliwapunguzia uzito wapiga kura wa mji mkuu, Tbilisi, ambao hakuna aliyegusa karatasi zao. Hata hivyo, kama kujaza masanduku mahali pamoja ndiyo ingekuwa hila pekee, vyama vingine vyote vingeshuka kwa kiwango kilekile. Haikuwa hivyo. Ukilinganisha safu mbili za tarakimu, pamoja na zile za tume ambazo sikuziorodhesha hapo juu, utaona kwamba National Movement na Labour vilipoteza karibu theluthi moja ya asilimia zao, Democrats walipoteza takribani moja ya saba, na kambi ya rais badala ya kushuka ilipanda. Mimi huisoma tofauti hiyo kama alama kwamba kulikuwa na mkono mwingine mbali na ule wa Batumi. Serikali ya Marekani, ambayo kwa miaka mingi ilikuwa rafiki wa Shevardnadze, nayo ilisema hadharani kwamba matokeo hayo yalibeba udanganyifu mkubwa katika Adjara na katika mikoa mingine.

Yaliyofuata yanajulikana. Tarehe 22 Novemba, Shevardnadze akihutubia kikao cha kwanza cha bunge jipya, Saakashvili na wafuasi wake waliingia ukumbini na maua ya waridi mikononi, na rais akatolewa nje na walinzi wake. Kesho yake alijiuzulu. Tarehe 25 Novemba Mahakama Kuu Kabisa ya nchi hiyo ilifuta matokeo ya viti vya uwiano, na uchaguzi wa viti hivyo ukarudiwa tarehe 28 Machi 2004. Msomaji makini asikose kuona kwamba kati ya matukio hayo Saakashvili alichaguliwa kuwa rais, Januari 2004, kwa asilimia 96 ya kura. Tarakimu ya namna hiyo ingetoka Batumi mwaka mmoja kabla, sote tungeinyooshea kidole. Furaha ya umma inaweza kuzaa asilimia ambazo kwa macho tu hazitofautiani na zile za hofu, na ndiyo sababu ukubwa wa tarakimu peke yake si ushahidi.

Baada ya hapo hesabu sambamba ilijijengea heshima kubwa Georgia, kiasi kwamba neno la ISFED lilianza kupewa uzito unaokaribia ule wa tume yenyewe. Heshima hiyo ilipata pigo mwaka 2020. Katika uchaguzi wa wabunge wa tarehe 31 Oktoba mwaka huo, tume ilikipa chama tawala cha Georgian Dream asilimia 48.22, wakati hesabu sambamba iliyotangazwa siku iliyofuata ilikipa 45.8. Pengo hilo likawa silaha mikononi mwa upinzani, ambao ulidai kura zimeibwa, ukaingia mitaani, na ukagoma kuingia bungeni. Kisha, tarehe 11 Desemba, ISFED yenyewe ikakiri kwamba ilikosea katika kukokotoa. Tarakimu iliyosahihishwa ilisogea karibu na ile ya tume. Zilikuwa zimepita wiki sita. Mgomo haukuisha kwa sababu ya masahihisho hayo, na ililazimu Umoja wa Ulaya kuwapatanisha wanasiasa hao kwa makubaliano yaliyotiwa saini Aprili 2021.

Sisi tunaofanya kazi ya kuwaelimisha wapiga kura hatuna budi kulizungumza kosa hilo bila kulifunika. Mtu anayemdai mwingine aweke hesabu yake wazi anapaswa kuweka ya kwake wazi zaidi, pamoja na orodha ya vituo vya sampuli, tarakimu za kila fomu na jinsi asilimia zilivyopatikana, ili hata asiyempenda aweze kuzijumlisha upya. Yapo pia ya kuwatetea: waliokosea walijitokeza wenyewe wakasema, jambo ambalo tume nyingi za uchaguzi hazijawahi kulifanya.

Uchaguzi wa tarehe 26 Oktoba 2024 ulileta mtihani wa tatu, na huu ndio mgumu kuliko yote. Viti vyote 150 viligawanywa kwa uwiano, na takribani asilimia 90 ya wapiga kura walipiga kura katika vituo vyenye mashine za kuhesabia. Mpiga kura alijaza duara kwa kalamu ya wino mzito, akaitumbukiza karatasi kwenye mashine, na karatasi hiyohiyo ikabaki sandukuni ili ihesabiwe pia kwa mkono. Georgian Dream kilitangazwa mshindi kwa asilimia 53.93. Kampuni mbili zilizokusanya maoni ya wapiga kura milangoni kwa ajili ya televisheni zinazoegemea upinzani zilikipa chama hicho kati ya asilimia 40 na 42. Ya tatu, iliyofanya kazi kwa televisheni inayoiunga mkono serikali, ilikipa 56. Rais Salome Zourabichvili aliyakataa matokeo rasmi.

Safari hii, hata hivyo, hesabu sambamba ya ISFED haikupishana sana na ya tume, na kura ziliporudiwa kuhesabiwa katika asilimia 12 hivi ya vituo hakikupatikana cha kubadilisha matokeo. Je, ina maana uchaguzi ulikuwa safi? ISFED wenyewe walisema hapana. Bambo likichomwa kwenye gunia ambalo pumba zilichanganywa shambani, litatoa kwa uaminifu kabisa mchele wenye pumba. Waangalizi walilalamikia vitambulisho vya watu vilivyokusanywa kabla ya siku ya kura, watu walioonekana kupiga kura zaidi ya mara moja, watumishi wa umma walioshinikizwa, na lile jambo la wino, ambao ulipenya karatasi kiasi kwamba alama ya mpiga kura iliweza kuonekana upande wa nyuma alipokuwa akiielekeza kwenye mashine. Jaji mmoja wa wilaya ya Tetritskaro alikubali kwamba wino huo ulivunja usiri wa kura. Mahakama ya rufaa mjini Tbilisi ikaitengua hukumu yake. Hakuna hata moja kati ya hayo linaloacha alama kwenye fomu ya matokeo. Kura iliyonunuliwa huhesabiwa kama moja, na kura ya aliyetishwa huhesabiwa kama moja.

Tofauti hii ina uzito mahakamani. Anayesema kura hazikuhesabiwa sawasawa anahitaji fomu mbili zinazopingana. Anayesema watu walitishwa anahitaji watu wenyewe, wasimame wataje waliowatisha, na hilo ni gumu mara kumi. Upinzani wa Georgia mwaka 2024 uliyataja yote mawili kwa pumzi moja, kama wafanyavyo wapinzani wengi mahali pengi, na serikali ikapata nafasi ya kujibu lile jepesi, kwamba karatasi zimehesabiwa tena na hesabu ni ileile, kisha ikaliacha lile zito bila jibu.

Tarehe 16 Novemba 2024, tume ilipokaa kuidhinisha matokeo, mwanasiasa mmoja wa upinzani alimmwagia mwenyekiti wake rangi nyeusi, na matokeo yakaidhinishwa siku hiyohiyo. Bunge jipya lilifanya kikao chake cha kwanza tarehe 25 Novemba, miaka ishirini na moja kamili tangu mahakama ilipofuta viti vya mwaka 2003. Ukumbini waliketi wabunge wa Georgian Dream peke yao.